Kolirabi zilizogeuka kuni: kisa cha bustani mbili, Likoni na Wundanyi

Kisu kilizama kidogo, kikakwama. Mama mkwe, ambaye amekata mihogo na maboga maisha yake yote, alikigonga mgongoni kwa kiganja mara mbili, kisha akakiacha kimesimama pale pale juu ya ubao na kunigeukia. "Mwanangu," akasema, "mbegu ulizoniletea ni za mboga au ni za kuni?" Ilikuwa mwishoni mwa Mei, jikoni kwake Wundanyi, kwenye milima ya Taita, na kilichokuwa mbele yetu ni bonge la kolirabi lenye ukubwa wa nazi iliyofuliwa.

Swali hilo lilinichoma kwa sababu nilikuwa nimejiuliza mimi mwenyewe miezi miwili kabla, nyumbani kwangu Likoni, Mombasa, ambako mbegu za pakiti hiyo hiyo zilikuwa zimenishinda. Likoni nilikuwa na jibu tayari, nalo ni joto. Majirani walisema ni joto, muuza miche wa barabarani alisema ni joto, nami nikaridhika. Lakini Wundanyi iko takriban mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na asubuhi za huko ukungu hushuka hadi mlangoni. Ikiwa huko nako mboga imekuwa ngumu kama mpini wa jembe, basi joto peke yake halikuwa na hatia yote tuliyokuwa tumelibebesha. Kisa hiki ni cha kutafuta hatia iliyobaki ilikuwa ya nani.

Kwanza niieleze mboga yenyewe, kwa kuwa wengi wa pwani hawaijui na hata mimi nilianza kwa kuielewa vibaya. Kolirabi ni ndugu wa damu wa sukuma wiki, kabichi na koliflawa. Zote ni spishi moja ambayo binadamu ameichagua kwa njia tofauti. Katika kabichi tumechagua majani yaliyojikunja, katika koliflawa tumechagua maua yasiyofunguka, na katika kolirabi tumechagua shina lililovimba. Jina lake ni la Kijerumani, limeunganisha kabichi na tanipu, na hapo ndipo watu wengi hupotea, kwa sababu tanipu ni mzizi ilhali bonge la kolirabi si mzizi hata kidogo. Hukaa juu ya ardhi, hewani, likiwa limeshikilia majani yake kwenye vikonyo virefu vinavyochomoza ubavuni, na chini yake kuna kishina chembamba kinachoingia udongoni. Ukiiona kwa mara ya kwanza utadhani kuna mtu aliyechomeka majani ya sukuma wiki kwenye mpira. Nchini India, hasa Kashmir, huliwa majani na bonge pia, na baadhi ya Wahindi wa Mombasa huitambua mara moja.

Mbegu zilikuwa za aina ya zamani iitwayo Early White Vienna, ambayo ganda lake ni la kijani kibichi mpauko na nyama yake ni nyeupe. Ni aina ya haraka: katika hali inayoipenda, mche uliopandikizwa huwa tayari baada ya siku 45 hadi 60. Hali inayoipenda ni nyuzijoto 15 hadi 20, udongo wenye rutuba usiokauka, na jua la kutosha. Hivyo ndivyo pakiti ilivyosema, na hivyo ndivyo nilivyosoma kwa haraka kabla ya kufanya kinyume.

Nilisia mbegu Likoni katikati ya Januari, wakati kaskazi inavuma na mchana hufika nyuzi 32. Bustani yangu ni ndoo saba za lita 20 zilizotobolewa matundu chini, zimepangwa kando ya ukuta wa nyuma unaopigwa na jua tangu saa tano asubuhi hadi jioni. Udongo ulikuwa mchanga wetu wa Likoni wenye chembechembe za mawe ya matumbawe, nikauchanganya na samadi ya mbuzi. Maji ya mfereji yalikuwa yakija kwa kubahatisha, kwa hiyo siku nyingine nilimwagilia ya kisima, ambayo ukiyaonja unajua bahari haiko mbali. Mbegu ziliota siku ya nne, nikafurahi. Joto halizuii kuota. Ni baada ya kuota ndipo linapodai chake.

Kufikia wiki ya sita mimea ilikuwa imerefuka badala ya kunenepa. Vishina vilivimba kiasi cha ndimu, vikasimama hapo. Majani yalikuwa na vitundu kama dirisha la wavu, kazi ya viwavi wa nondo mgongo-almasi, mdudu ambaye kila mkulima wa sukuma wiki anamfahamu hata kama hamjui kwa jina: kiwavi mdogo wa kijani ambaye ukimgusa hujirusha na kuning'inia kwa uzi. Nilipokata bonge la kwanza, ndani kulikuwa na nyuzi nyeupe zilizosimama wima kama za muwa uliotafunwa. Mwanangu alilitafuna kidogo, akalitema kwa adabu kwenye kiganja.

Hapa joto lilikuwa na makosa, na sitaki kuliondolea lawama. Bonge la kolirabi ni shina, na kazi ya asili ya shina ni kusimamisha mmea. Ndani yake kuna mirija ya maji na chakula ambayo, umri unapokwenda, hujijengea kuta za mti. Ulaini tunaoutafuta ni wa kipindi kifupi tu, pale ambapo nyama ya shina inajaa maji na sukari upesi kuliko mirija inavyokomaa. Katika joto kali uwiano huo huvurugika. Mchana mmea hupoteza maji upesi kuliko mizizi inavyovuta, na usiku, ambapo Mombasa ya miezi hiyo haishuki chini ya nyuzi 23 au 24, mmea huendelea kupumua na kuitumia sukari ambayo ungeiweka akiba kwenye bonge. Ongeza maji yenye chumvi, ambayo mizizi huyavuta kwa taabu, ongeza na ndoo ya plastiki inayochemka kando ya ukuta, utaona kwamba niliupa mmea wa nchi za baridi kila sababu ya kukoma kukua. Na kolirabi inayokoma kukua haikai ikisubiri. Inaanza kuwa mti.

Ila Wundanyi hakukuwa na lolote kati ya hayo. Hewa hupoa kwa takriban nyuzi 6 kila unapopanda mita 1,000, kwa hiyo wastani wetu wa nyuzi 26 unakuwa huko kama 18, yaani katikati kabisa ya kiwango ambacho kolirabi hukipenda. Udongo ni mwekundu, mzito kiasi, na mama mkwe huulisha samadi ya ng'ombe kila msimu. Maji hutoka kwenye kijito kwa mfereji mdogo unaopita juu ya shamba. Ikiwa kuna mahali katika ukanda wetu huu pa kuijaribu mboga hii, ni hapo. Si bure kwamba kabichi na mboga nyingine za milima ya Taita zimekuwa zikishuka kwenda soko la Kongowea, Mombasa, tangu zamani.

Mke wangu alikuwa amempelekea mama yake nusu ya pakiti mwezi wa Februari. Alisia kitaluni, akapandikiza katikati ya Machi mvua za masika zilipoanza, kwenye ngazi mbili za shamba. Nilipofika mwishoni mwa Mei ilikuwa wiki ya 11 tangu kupandikizwa. Baada ya kile kisu kukwama nilimwomba ruhusa nikaenda shambani peke yangu, nikatembea kando ya matuta polepole, na pale nilipoacha kutafuta sababu moja ndipo nilipoanza kuona kwamba mimea ilikuwa imeharibika kwa njia tatu tofauti.

Ngazi ya juu ilikuwa na mabonge makubwa, yale ya ukubwa wa nazi. Mama mkwe alikuwa ameyaacha kwa makusudi. Kwa mtu aliyelima kabichi miaka 40, mboga yenye ukubwa wa ngumi haijawa mboga bado, na kuivuna ni kama kuchinja kifaranga. Lakini aina hii huvunwa bonge likiwa na upana wa sentimita 5 hadi 7, kiasi cha mpira wa tenisi, na kila wiki inayozidi hapo ni wiki ya kutengeneza nyuzi. Zipo aina nyingine, kama Superschmelz, zinazoweza kukua hadi kilo kadhaa na zikabaki laini, ila hizo ni nasaba nyingine. Baadhi ya mabonge ya ngazi ile yalikuwa pia yamepasuka ubavuni, ishara kwamba yalikaa na kiu siku kadhaa kisha yakanyeshewa mvua kubwa kwa mpigo: nyama hunywa na kutanuka, ganda lililokwisha kukomaa linakataa, likachanika.

Sehemu ya kwanza ya ngazi ya chini ilikuwa imebanana. Miche ilipandikizwa kwa nafasi ya upana wa vidole vinne hivi, kama inavyofanyika kwa sukuma wiki za kuchuma changa. Hapo mabonge yalikuwa marefu na membamba kama pawpaw changa, yakigombea mwanga. Nafasi inayofaa ni sentimita 15 hadi 20 kati ya mche na mche, na 30 hivi kati ya mistari.

Sehemu iliyobaki ndiyo iliyonifanya nisimame. Mimea ilikuwa imezikwa. Mama mkwe alikuwa amepalilia kwa kuinua udongo, tuta limepanda hadi kwenye vikonyo vya majani, kazi safi kabisa ya jembe, jinsi anavyofanya kwa viazi. Nilifukua mmea mmoja kwa vidole. Bonge lilikuwapo, dogo, limepauka, lina mabaka laini ya kahawia pale udongo wenye unyevu ulipoligusa, na lilikuwa na harufu ya kabichi iliyosahauliwa gunia. Alikuwa ameichukulia kuwa mzizi. Na nani angemlaumu, wakati mimi niliyempa mbegu nilikuwa nimemwambia kwa simu kwamba ni "kitu kama tanipu"? Kwa kiazi, kuinua udongo ni kulinda chakula kisiunguzwe na jua kikawa kijani. Kwa kolirabi, ni kukinyima chakula hewa na kukifungulia mlango uozo. Ukijani wa kolirabi ndio afya yake.

Pengine ningeishia hapo na kurudi Mombasa nikiwa na orodha ya makosa tu, kama si mimea minane iliyokuwa pembeni, kwenye kona ambapo mfereji hupinda. Pale jembe halikufika kwa sababu ya jiwe. Miche ilikuwa imeachana vizuri, kwa bahati tu, na maji yaliyovuja kutoka mferejini yalikuwa yakiilowesha kila siku bila mtu kuyapanga. Minne kati yake ilikuwa imekwisha kung'olewa. Nilipouliza, wajukuu wa jirani walichekacheka, kisha mmoja akakiri: waliziiba mapema mwezi ule, zilipokuwa ndogo, wakazimenya kwa meno, wakala na chumvi na pilipili kama embe bichi. Zilikuwaje? "Tamu," akasema, "kama kile kishina cha kabichi cha ndani." Hakuna mtaalamu ambaye angeweza kulieleza jambo hilo vizuri zaidi. Katika shamba zima, watoto peke yao ndio waliovuna kwa wakati.

Basi tofauti ya mimea ile minane na mingine haikuwa mbegu, wala udongo, wala hali ya hewa. Ilikuwa kwamba hakuna kilichoikatiza. Maji hayakukoma, jirani hakuisonga, jembe halikuizika, na ilichumwa ikiwa bado inakimbia. Likoni joto ndilo lililokatiza ukuaji. Wundanyi tuliukatiza kwa mikono yetu, na penye ngazi ya juu hatukuukatiza bali tulichelewa tu kufika. Matokeo mdomoni ni yale yale, na ndiyo maana nilidhani ugonjwa ni mmoja.

Kulikuwa na tatizo jingine, la adabu. Mkwe hamwelekezi mama mkwe namna ya kushika jembe, hasa mkwe wa mjini mwenye ndoo saba. Kwa hiyo sikusema kitu siku ile zaidi ya kusifu mahindi. Nilimweleza mke wangu, naye akazungumza na mama yake kwa simu kwa siku kadhaa, kwa mzunguko, akianzia habari za mbuzi. Lililomshawishi mama mkwe hatimaye ni kumkumbusha lile shina nene la ndani ya kabichi ambalo yeye mwenyewe huwapa wajukuu watafune. Akajibu kwamba angeambiwa tangu mwanzo kuwa ni shina asingelizika.

Mwezi wa Juni akasia tena. Safari hii hakutumia ngazi ya chini kabisa, ambako sukuma wiki za msimu uliopita zilipong'olewa zilionekana na mizizi yenye mafundo. Ugonjwa huo wa uvimbe wa mizizi hushika jamii yote ya kabichi na vimelea vyake hukaa udongoni miaka mingi, kwa hiyo kuipeleka kolirabi hapo ingekuwa kuipeleka kwa adui. Alichagua mahali palipokuwa na maharagwe. Alisia kidogo kidogo, mstari mmoja kila baada ya wiki mbili, ili zisiive zote kwa pamoja. Mboga ambayo muda wake wa utamu ni kama siku kumi haifai kupandwa kwa wingi siku moja isipokuwa una soko linalosubiri. Miche ilihamishwa ikiwa na majani manne, ikapandwa kwa kina kile kile ilichokuwa nacho kitaluni. Badala ya kuinua udongo alitandaza nyasi kavu, akiacha nafasi ya vidole viwili kuzunguka kila shina. Viwavi aliwaondoa kwa mkono asubuhi, akigeuza majani, na vidukari akavinyunyizia maji ya sabuni.

Nilikuwa na wasiwasi mmoja ambao haukutokea. Kolirabi ni mmea wa miaka miwili. Mche mchanga ukikaa wiki moja au zaidi chini ya nyuzi 10 huweza kudhani umepita majira ya baridi, ukatoa shina la maua badala ya bonge. Kwa bustani za Ulaya hiyo ndiyo hatari ya kupanda mapema mno mwanzoni mwa majira ya kuchipua. Julai ya Wundanyi ni baridi ya kuvaa sweta, lakini haikufika kiasi hicho, na hakuna mmea uliochanua.

Mavuno ya kwanza yalikuja wiki ya mwisho ya Agosti, siku ya 52 tangu kupandikizwa. Kipimo chetu kilikuwa kucha: nyuzi huanza chini, pale bonge linapokutana na kishina chake, kisha hupanda juu, kwa hiyo ukibonyeza kucha ya dole gumba sehemu ya chini na ikaingia bila kubishana, chote kilicho juu ni laini. Ikigoma chini lakini ikaingia katikati, bado unaweza kuokoa nusu ya juu kwa kumenya sana upande wa chini. Ganda lenyewe halilainiki kwa kupikwa, lazima limenywe. Majani hukatwa papo hapo, kwa sababu yakibaki huendelea kunyonya maji ya bonge. Yaliyokatwa mama mkwe aliyapika kama sukuma wiki, na mabonge yaliyovuliwa majani yalisafiri kwa basi kupitia Mwatate na Voi hadi Mombasa, yakakaa kwenye friji yangu wiki tatu bila kunyauka. Kwetu tuliyapika kwa tui la nazi kama mumunye, kwa moto mdogo, na dakika 15 zilitosha.

Likoni nako nilirudia, kwa ukaidi zaidi kuliko kwa hekima. Nilisia Juni, kusi ikivuma na mchana ukiwa nyuzi 28 hivi. Ndoo nilizihamishia chini ya mwarobaini zipate jua la asubuhi tu, nikaongeza mboji, nikatandaza makumbi ya nazi juu ya udongo, nikaapa kutotumia maji ya kisima. Ndoo saba, mimea 14. Tisa ilitoa mabonge. Nilipoyavuna yakiwa na sentimita 4 yalikuwa laini na matamu kiasi. Matatu niliyoyaacha yafike 6 yalikuwa tayari na nyuzi chini. Kwa hiyo inawezekana, kwa miezi mitatu ya mwaka, kwa maji mengi ya mfereji na kwa mavuno ya kujaza bakuli moja. Mtu anayetaka kuwaonyesha watoto maajabu ya mmea huu na afanye hivyo. Mtu anayetaka kula, nauli ya kwenda Wundanyi ni rahisi kuliko maji niliyomwaga.

Ndoo saba sasa zina mchicha, ambao haujawahi kulalamikia ukuta wala jua. Kule juu mama mkwe amesia mstari wake wa tano, na jiwe lililokuwa likizuia jembe penye kona ya mfereji amekataa lisiondolewe.